Bunduki Ndogo Iliyomsemesha Saning'o

Vijana wangu mnaonijia hapa Karatu na simu mkononi, nawaomba kwanza mzime hiyo picha. Haipiti Jumamosi bila mgeni mlangoni. "Babu, cheki hiki chuma." Nami nacheki. Ni bunduki nyeusi tii, ina darubini, ina miguu miwili kwa mbele, ina hata tochi. Namwuliza mwenye simu anataka kuifanyia nini. Ananijibu kuwa ni ya kupiga makopo tu, starehe ya Jumapili, na kujifunza shabaha kwa gharama ndogo. Haya, kopo la maziwa mchana kweupe, tochi ya nini?

Nimekuwa fundi wa silaha miaka thelathini na mmoja, nikiwa na kampuni moja ya kutembeza wageni kwa miguu kwenye nyanda za Ngorongoro. Mgeni anatembea, mbele yake anatembea mwongozaji mwenye bunduki, na nyuma ya hao wote, kwenye kibanda chenye harufu ya mafuta na mbao, nilikuwepo mimi. Nilisafisha, nilitengeneza, nilichonga vitako, na nilifundisha watu kulenga. Hivi sasa nimestaafu, napalilia vitunguu na kujibu maswali yenu.

Wahenga walisema mchagua jembe si mkulima. Ni kweli kwa jembe. Kwa bunduki ndogo ya mazoezi, chagua, tena chagua sana, ila ujue unachochagua ni nini. Mimi niliyeitwa mtaalamu niliwahi kuchagua kwa miezi mitatu mfululizo na karibu nimkoseshe mtu kazi yake. Kaeni niwasimulie.

Mtu huyo ni Saning'o, mzaliwa wa Malambo, mwongozaji wetu wa matembezi kwa miaka kumi na mmoja. Sijaona mtu anayeijua nyika kama yeye. Akisimama, wageni wote wanasimama, na baada ya dakika mbili ndipo na sisi tunamwona nyati aliyekuwa amelala nyuma ya kichaka. Katika miaka hiyo yote hakuwahi kufyatua risasi kazini, na hiyo ndiyo sifa ya mwongozaji mzuri. Anayerudi kila siku na maganda ya risasi mfukoni hajui kupita njia.

Lakini mambo yalibadilika. Zamani mtihani wa shabaha ulikuwa kupiga risasi moja kuelekea kilimani, na kama kilima kimebaki palepale, umefaulu. Miaka hii ya karibuni meneja wetu, Mama Josefina, mama mmoja mnyoofu asiyependa maneno mengi, alileta utaratibu mpya: risasi tatu kwa bunduki kubwa ya nyati, hatua hamsini, kwenye bati la ukubwa wa sahani ya ugali. Mbili ziingie. Saning'o akapiga zake tatu, bati likabaki safi. Akarudia baada ya wiki, bati likabaki safi tena, ila safari hii alijeruhi nguzo.

Mama Josefina akamwita ofisini, na mimi nikiwepo. Akasema hana ugomvi na mtu, ila wageni hawezi kuwakabidhi kwa mtu asiyepiga bati. Atampa nafasi ya tatu baada ya miezi mitatu. Akikosa, atahamishiwa getini.

Tulipotoka nje Saning'o alitembea mpaka kwenye kibanda changu, ndipo akasema, "Fundi, geti linafunguliwa hata na kamba."

Nilimwelewa. Mtu wa miaka hamsini na kitu, aliyetembea maisha yake yote, unamkalisha kwenye kiti cha plastiki na filimbi shingoni. Iliniuma. Nikarudi kwa meneja bila kuitwa na kumwambia kwa kifua mbele kwamba tatizo la Saning'o nalijua: anaogopa teke la bunduki kubwa, kwa hiyo anafumba macho kabla haijalia. Dawa yake ni bunduki ndogo, ile ya pointi ishirini na mbili, isiyo na teke wala kishindo. Ninunulie moja, nikasema, na nakuahidi. Kibali cha kampuni cha bunduki ndogo kilikuwa kimelala kwenye faili siku nyingi. Mama Josefina akanitazama juu ya miwani, akasaini.

Nikiwa hapo kwenye kibali, niwaambie kabisa. Kibali kwanza, bunduki baadaye. Anzia serikali ya kijiji, nenda mpaka polisi, kisha usubiri. Asiye na subira ya kusubiri kibali hana subira ya kulenga, na mimi nisingempa hata manati.

Sasa hii ndogo ni kitu gani? Risasi yake ni kama kiungo kimoja cha kidole. Kwenye risasi kubwa kiwashio kipo katikati ya kitako cha ganda, lakini kwenye hii kimefichwa ndani ya ukingo, mzunguko mzima, na pini ya bunduki hugonga ukingo. Ganda likishalia ni la kutupa, huwezi kulijaza tena. Ila linatengenezwa kirahisi, na ndiyo maana kwa bei ya risasi moja ya nyati unaweza kuondoka dukani na karibu boksi zima la hizi. Kwa mtu anayejifunza, hapo ndipo penye uzuri wake, kwa sababu shabaha ni kurudia, na kurudia kwa risasi ya nyati kunamaliza bega na mfuko.

Ushauri wa kwanza nilioupata ulitoka kwa Hajji Shabani, mwenye duka la vifaa vya ujenzi hapa mjini. Hajji ni rafiki yangu, mtu wa misumari na mabati, na kwenye kundi letu la kulenga shabaha la Jumapili yeye ndiye mwenye vitu vipya. Akaniambia, "Fundi, usihangaike. Chukua kama yangu. Inajipakia yenyewe, wewe unavuta triga tu. Karne hii bado unavuta bolti kama unachota maji kisimani?"

Bunduki ni ya mwenye kibali, haiazimwi, kwa hiyo Hajji alikuja nayo yeye mwenyewe Jumapili, pamoja na kiti chake cha kukunja na chupa ya chai ya tangawizi. Mahali petu ni machimbo ya zamani ya moramu tuliyoruhusiwa kutumia, yenye ukuta wa udongo mrefu kuliko nyumba. Huo ukuta msiuchukulie mzaha. Hii bunduki ni ndogo kwa jina. Risasi yake ikikosa kopo inaweza kwenda zaidi ya kilomita ikimtafuta ng'ombe wa mtu, na huku kwetu ng'ombe wa mtu hakosekani.

Saning'o akavaa vikinga masikio, akalala, akashika bunduki ya Hajji. Ikalia mara kumi kabla sijamaliza kusema "polepole". Akainua kichwa akiwa na furaha.

"Fundi, zimeisha."

"Umepiga nini?"

"Nimepiga zote."

Kopo lilikuwa limesimama kama lilivyowekwa. Nikampa kumi nyingine, zikaondoka vilevile. Raundi ya tatu bunduki ikakwama, kwa sababu risasi zangu za bei nafuu hazikuwa na nguvu ya kuisukuma ijipakie, na vumbi letu jekundu lilikuwa limeshachanganyika na mafuta aliyoyamwaga Hajji ndani yake bila huruma. Ukichanganya vumbi la Karatu na mafuta mengi unapata matope, na matope hayapigi risasi. Tone moja la mafuta, kisha futa. Hajji alikunywa chai yake akasema tatizo ni vumbi.

Hapo nikaamua: bolti. Bunduki ya kuvuta kwa mkono, risasi moja moja. Unapovuta bolti unapata muda wa kujiuliza ile iliyopita imekwenda wapi. Mwanafunzi anayejipakilia mwenyewe anaheshimu kila risasi. Ya kujipakia ni tamu, sikatai, nunueni baadaye mkishajua kulenga.

Nikaenda Arusha dukani. Muuzaji, kijana mchangamfu, akaniletea ya magnum. Akasema ni ndogo vilevile, ila ina nguvu zaidi na inafika mbali. Nikamwambia sitaki ifike mbali, nataka ifike kwenye kopo. Sikilizeni vizuri hapa: magnum ina risasi yake, ndefu na nene zaidi, bei yake imepanda na haipatikani kila siku. Haichanganywi na ile ya kawaida. Kabla hujapenda bunduki uliza chakula chake kinapatikana wapi, kwa sababu nimeona watu wenye bunduki nzuri sana zilizotundikwa ukutani miaka minne zikisubiri risasi.

Nikachukua ya bolti, kitako cha mbao, vilengeo vya chuma, uzito wa wastani. Kupima kitako ni kazi ndogo: kunja mkono, weka kitako kwenye kunjo la kiwiko, kidole kifike kwenye triga bila kujinyoosha wala kujibana. Darubini niliiacha. Darubini inakuza kila kitu, hata mtetemo wa mkono wako, na mwanafunzi akiuona anapata homa.

Niliporudi nikaongeza na la kwangu, maana fundi haachi kitu kama alivyokikuta. Nikachonga kipande cha mti wa mkuyu na kukigandisha juu ya kitako, pale shavu linapolala, ili kiwe kimeinuka sawasawa na vitako vya bunduki zetu kubwa. Zile kubwa pia nilikuwa nimeziinua mimi, miaka mingi nyuma, na nilijivunia sana ile kazi. Nilitaka mtu akitoka kwenye ndogo kwenda kwenye kubwa asihisi tofauti. Nikaipaka vanishi mara tatu. Nikamwonyesha Saning'o, akaipapasa, akasema ni mbao nzuri.

Akaanza mazoezi, na akaendelea kukosa.

Vijana, sikutarajia. Hakuna teke, hakuna kishindo, bunduki imetulia, hatua ishirini na tano tu, na risasi zinakwenda juu, zinakwenda kushoto, nyingine sijui zilikwenda wapi hadi leo. Nikalaumu risasi. Nikanunua za aina tatu, maana hizi bunduki ndogo huchagua chakula: aina moja inazitawanya, nyingine inazikusanya penye upana wa kifuniko cha soda, na hakuna ajuaye mpaka ajaribu. Nilipolala mimi mwenyewe, aina ya pili ikakusanya vizuri. Alipolala Saning'o, ikatawanya. Nikalaumu vilengeo, nikavisogeza. Nikalaumu upepo wa kutoka ukingoni mwa kreta. Hajji akalaumu vumbi.

Mwezi wa pili ukaisha. Getini walikuwa wameshaleta kiti kipya, Saning'o akakiona. Siku hiyo alikataa chai ya Hajji, jambo ambalo halijawahi kutokea.

Usingizi ulinikimbia nikimfikiria mwalimu wangu, marehemu Mzee Margwe wa Mbulu, aliyenifundisha kazi hii kwa kunipigia kelele. Alikuwa na mtego mmoja. Anakupakilia bunduki yeye, wewe hujui kama ameweka risasi nzima au ganda lililokwisha tumika, kisha hatazami kopo, anatazama uso wako. Ukivuta triga na bunduki isilie, kila ujinga wako unaonekana wazi. Kwa hii ya ukingo ni lazima liwe ganda, msiifyatue tupu kabisa, pini itakwenda kugonga ukingo wa chuma wa bunduki yenyewe na kuuharibu. Na risasi nzima ikigoma kulia, msikimbilie kuifungua. Iacheni imeelekea ukutani, hesabuni polepole hadi sitini, ndipo mfungue.

Jumapili ile nikampakilia ganda bila kumwambia. Nikalala ubavuni mwake, nyuma ya mdomo wa bunduki, msije mkalala mbele, nikautazama uso wake. Akavuta pumzi, akalaza shavu. Hapohapo, kabla kidole hakijagusa triga, jicho likajikunja, shavu likaruka juu, ndipo akavuta. Tik.

Haogopi teke. Teke lilikuwa halijaja. Kitu kilimpata alipolaza shavu.

Nikamwambia alaze tena, safari hii bila kuvuta. Nikasogea. Saning'o ni mtu wa rika la zamani, masikio yake yametobolewa na kuvutwa tangu utotoni, na ndewe, ile nyama laini ya chini, inaning'inia hadi karibu na taya, na pete ya shaba na shanga. Sasa vikinga masikio viliisukuma ile ndewe chini, na mbao yangu nzuri ya mkuyu iliyoinuka ikaipokea. Shaba juu, mbao chini, nyama katikati. Kila alipolaza shavu, aliliumiza sikio lake mwenyewe.

"Saning'o," nikasema, "sikio linauma?"

Akailaza bunduki chini.

"Linabanwa kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

"Kama mbwa amelishika."

"Tangu lini?"

"Tangu ulipoweka ile mbao kwenye zile kubwa."

"Hiyo ni miaka tisa, Saning'o."

"Ndiyo. Ni mbao nzuri."

Nikakaa kitako kwenye moramu. Nikamwuliza kwa nini hakusema hata siku moja, na yeye akanishangaa kama vile mimi ndiye mgeni katika nchi hii. Akasema alitahiriwa mbele ya ukoo mzima na hakupepesa jicho, kope hazikucheza. Mtu huyo leo aende kwa Mama Josefina aseme sikio linauma? Halafu akaongeza kwa sauti ya chini, "Na wewe uliichonga kwa mkono wako. Ulinionyesha ukiwa unacheka. Ningesemaje?"

Niliona haya ambayo sijawahi kuona kazini. Maana na mimi, kwa kweli, nilikuwa na kosa langu. Miaka yote hiyo sikuwahi kuyatazama masikio yake vizuri. Sisi Wairaqw na Wamaasai tuna historia ndefu ya ng'ombe, wao wanasema wote walikuwa mali yao na sisi tunakataa, na marehemu baba alinionya nisije nikamtania Mmaasai mwili wake. Basi mimi nikafanya heshima kwa kutotazama, na yeye akafanya heshima kwa kutosema, na heshima hizo mbili zikamfikisha mtu mlangoni mwa geti.

Hajji akanywa chai. "Mimi niliona siku ya kwanza, wallahi," akasema. "Nikadhani ndiyo mtindo wao."

Dawa haikuchukua hata saa. Saning'o mwenyewe aliitoa: akaishika ndewe, akaipandisha na kuipachika juu ya sikio, kama wafanyavyo wakipita kwenye miiba. Nikampa vizibo vya sponji vya kuingiza ndani ya sikio badala ya vile vikubwa. Nikachukua tupa, nikaipunguza ile mbao ya mkuyu, na kila nilipotupa unga wake nilisikia moyo ukikwaruzwa, lakini mwiba wa kujidunga hauambiwi pole. Akalala, akapiga tano. Makopo manne yakaanguka. Tukatundika vifuniko vya soda kwenye uzi, akavipiga navyo. Jioni ile alikunywa chai ya Hajji vikombe vitatu.

Hapo ndipo nilipoijua kazi hasa ya bunduki ndogo. Inaondoa visingizio. Kubwa ina kelele na teke, kila kosa lako unalificha humo. Ndogo ikikosa, wewe ndiye uliyekosa, au kuna kitu kinakuuma na hujasema.

Mwezi wa tatu nikamhamishia kwenye bunduki kubwa, ile anayoibeba kazini. Nikaipunguza na yenyewe, kimyakimya, usiku kucha nikiogopa Mama Josefina asije akaniuliza kwa nini naharibu kitako cha kampuni. Zile nyingine tano sikuzigusa. Nilijiambia hakuna aliyelalamika. Kwa meneja sikusema neno, na hilo ndilo kosa langu kubwa kuliko yote ninayowahadithia hapa.

Siku ya mtihani Mama Josefina alileta mkaguzi kutoka Arusha, mzee wa jeshi aliyestaafu, suruali imepigwa pasi mpaka inakata. Waongozaji wote walipanga mstari. Mkaguzi akasema ili haki itendeke, wote watatumia bunduki moja. Akanyoosha mkono kwenye rafu, akaichukua ya kwanza. Ilikuwa mojawapo ya zile tano. Kisha akampa Saning'o vikinga masikio vikubwa, akasema ndiyo kanuni.

Nilitaka kusema. Ningesema nini mbele ya watu wote? Kwamba mbao ninayojivunia miaka tisa ndiyo iliyowakosesha watu shabaha? Nikatazama viatu vyangu. Nikamwona Saning'o ameishika ile bunduki, ameipapasa pale juu kwa kidole gumba, na akajua. Nikamwona anaanza kulala chini. Nikasema moyoni, atalala, atauma meno, atakosa, na kesho atakaa kwenye kiti cha plastiki bila kumlaumu mtu.

Akasimama tena. Nyuma yake walikuwepo wanaume wawili wa rika lake na vijana watatu wanaomwita baba.

"Mkaguzi," akasema, "hii inaniumiza."

Mmoja wa rika lake aligeuka kutazama milima.

"Inakuumiza wapi?" mkaguzi akauliza.

"Sikio." Akaishika ndewe akaionyesha, akaonyesha mbao, akaonyesha kikinga. Alizungumza taratibu, jasho likimtoka usoni, na nawaambia sijamwona akitoka jasho hivyo hata mbele ya simba. "Kuna bunduki nyingine pale haiumizi. Na kuna sponji. Naomba hizo."

Ndipo na mimi nikapata ulimi. Nikatoka kwenye mstari, nikasema kosa ni langu, kitako nilikiinua mimi, na nilijua tangu mwezi uliopita nikanyamaza. Mama Josefina alinitazama juu ya miwani. Mkaguzi hakumtazama yeyote. Alikwenda kwenye rafu, akailinganisha ile iliyopunguzwa na ile isiyopunguzwa, akaweka shavu lake hapa, akaweka pale, akasema, "Mpe hiyo."

Saning'o akapachika masikio yake juu, akatia vizibo, akalala. Risasi ya kwanza ikagonga bati, likalia. Ya pili ikalia. Ya tatu ilipita pembeni kabisa, nadhani kwa furaha, lakini zilitakiwa mbili. Wale vijana watatu walirukaruka. Yule wa rika lake aliacha kutazama milima, akaja akamshika mkono, na nikamwona akijigusa sikio lake mwenyewe kidogo, kama anayejiuliza jambo.

Mama Josefina naye alimwona. Akafunga daftari lake.

"Nauliza mara moja tu," akasema. "Nani mwingine zinamuumiza?"

Saning'o akageuka kwenye mstari, akawatazama mmoja mmoja. Mkono wa kwanza ukapanda, wa yule wa rika lake. Wa pili ukawa wa mwenzake. Wa tatu ulikuwa wa Mwiraqw mwenzangu mfupi, ambaye kwa miaka sita alikuwa anajigonga pua kwa kidole gumba akadhani ni adabu ya bunduki. Kisha vijana wawili. Mimi nilikuwa nahesabu, nimeshika tupa mfukoni, nikitamani ardhi ipasuke.

Nilipomaliza kuhesabu nikaona kuna mkono mmoja zaidi, mbele, unaoshika miwani. Mama Josefina, ambaye hupiga risasi moja tu kwa mwaka ili kutupa mfano, alisema kwake ni bega la kulia, maana mbao ile humlazimu kushusha kitako pasipo mahali pake, tangu alipoajiriwa, na kwamba siku zote alidhani ni umri.